Ana Homa, Basi Ana Ebola? Namna Hitimisho Linavyotoka Katika Kauli za Msingi

Tarehe 30 Januari 2025 Wizara ya Afya ya Uganda ilitangaza kuwa Ebola ya aina ya Sudan imethibitishwa jijini Kampala. Kama ilivyokuwa Septemba 2022 ugonjwa huo ulipotangazwa Mubende, tangazo hilo lilifuatwa na maneno mengi sokoni, kwenye vituo vya taksi na katika makundi ya simu. Mengi yake yanaweza kugawanywa katika mafungu matatu. Fungu la kwanza lilisema: jirani yetu ana homa na anatapika, kwa hiyo ni Ebola. La pili lilisema: huyu hatoki damu, kwa hiyo si Ebola. La tatu lilisema: leo hakuna mgonjwa mpya, kwa hiyo ugonjwa umekwisha.

Kauli zote tatu zina makosa, lakini hazikosei mahali pamoja, na hapo ndipo watu wengi wanapochanganyikiwa. Wanaambiwa tu kwamba "huo ni uvumi", bila kuonyeshwa ni kiungo gani cha hoja kilichovunjika. Asiyejua kiungo kilichovunjika ataacha uvumi huu leo na kuupokea kesho ukiwa umevaa nguo nyingine.

Tuanze na majina ya sehemu. Hoja ni kundi la kauli ambamo kauli moja inadaiwa kutegemezwa na nyingine. Zile zinazotegemeza tuziite kauli za msingi, na ile inayotegemezwa tuiite hitimisho. Kauli yenyewe ni sentensi inayoweza kuwa ya kweli au ya uongo: "Mbale iko mashariki mwa Uganda" ni kauli, lakini "Funga mlango" si kauli, kwa sababu amri haiwezi kuwa ya kweli wala ya uongo. Mantiki ni elimu inayochunguza kama hitimisho linatoka kweli katika kauli za msingi. Aristotle aliipanga kwa utaratibu huko Ugiriki katika karne ya 4 kabla ya Kristo, na wanazuoni wa Kiislamu, Ibn Sina akiwa miongoni mwao, waliipanua kwa karne nyingi kabla haijafika katika vyuo vikuu vya leo.

Mfano wa mashine ya kusaga mahindi unaweza kutusaidia. Mteja huleta mahindi, mashine husaga, unga hutoka. Posho, yaani ugali wa unga huo, ikiwa chungu, kuna maswali mawili yanayopaswa kuulizwa kila moja kwa wakati wake: je, mahindi yalikuwa mazima, na je, mashine ilikuwa nzima? Mwenye mashine hana lawama kwa mahindi yaliyoota ukungu, wala mkulima hana lawama kwa chekeche iliyotoboka. Katika hoja, kauli za msingi ndizo mahindi, na namna ya kuhitimisha ndiyo mashine. Mantiki hukagua mashine. Ukaguzi wa mahindi, yaani kujua kama kauli za msingi ni za kweli, ni kazi ya daktari, mpimaji wa ardhi, mwanahistoria au shahidi aliyeona. Kwa hiyo si sahihi kudhani kwamba mtu mwenye mantiki nzuri husema kweli daima. Mashine nzima kabisa husaga ukungu kwa ustadi uleule inaosagia mahindi mazuri.

Hoja huitwa halali pale ambapo haiwezekani kauli zake zote za msingi ziwe za kweli na hitimisho lake liwe la uongo. Chukua hoja hii: miji yote ya Uganda iko kando ya Ziwa Victoria, Gulu ni mji wa Uganda, kwa hiyo Gulu iko kando ya Ziwa Victoria. Hitimisho ni la uongo kabisa, lakini hoja ni halali, kwa sababu kama kauli zake mbili za msingi zingekuwa za kweli, hitimisho lisingeweza kukwepeka. Mashine ni nzima, mahindi ndiyo mabovu. Sasa chukua ya pili: baadhi ya miji ya Uganda iko kando ya Ziwa Victoria, Entebbe ni mji wa Uganda, kwa hiyo Entebbe iko kando ya Ziwa Victoria. Hapa kauli zote tatu ni za kweli, na wengi wataikubali hoja bila kusita. Lakini ondoa jina la Entebbe, weka Gulu. Kauli za msingi zinabaki kuwa za kweli, na hitimisho linageuka kuwa la uongo. Maana yake ni kwamba hata ile ya Entebbe haikuwa imethibitishwa na hoja ile. Ilikuwa kweli kwa sababu nyingine, na hoja ilibahatika kuangukia juu yake. Njia hii ya kubadilisha jina moja na kutazama kinachotokea haihitaji elimu ya chuo, na kwa maoni yangu ndicho chombo chenye manufaa kuliko vyote ambavyo mantiki imempa mtu wa kawaida.

Turudi kwenye homa. Tuchukulie, kwa ajili ya zoezi tu, kwamba kauli hii ni ya kweli: ikiwa mtu anaugua Ebola, basi ana homa. Kutokana nayo tunaweza kwenda njia mbili zilizo salama. Tukijua kwamba mtu anaugua Ebola, tunahitimisha kwamba ana homa. Tukijua kwamba hana homa, tunahitimisha kwamba haugui Ebola. Lakini kuna njia nyingine mbili zinazofanana na hizo kwa sura tu. Ya kwanza husema: ana homa, kwa hiyo ana Ebola. Ya pili husema: hana Ebola, kwa hiyo hana homa. Ubovu wa hii ya pili huonekana mara moja, kwa kuwa kila mtu anajua kwamba homa ina vyanzo vingi. Ajabu ni kwamba ubovu wa ile ya kwanza unatokana na jambo hilohilo, na bado watu wenye akili timamu huingia ndani yake kila siku. Uganda ni miongoni mwa nchi zenye wagonjwa wengi zaidi wa malaria duniani. Homa, maumivu ya kichwa, uchovu na kutapika ni dalili za malaria na za homa ya matumbo kama zilivyo dalili za mwanzo za Ebola. Alama "ikiwa… basi" ni barabara ya upande mmoja, na aliyetoka kwenye homa akafika kwenye Ebola ameipita kinyume.

Uvumi wa kwanza, basi, umeharibikia kwenye mashine. Uvumi wa pili uko tofauti kabisa. Anayesema "hatoki damu, kwa hiyo si Ebola" anatumia hoja hii, hata kama hakuitamka yote: ikiwa mtu ana Ebola, basi hutoka damu, huyu hatoki damu, kwa hiyo hana Ebola. Namna hiyo ya kuhitimisha ni halali, haina dosari. Kilichoharibika ni kauli ya kwanza. Ebola imeorodheshwa kati ya homa zinazoweza kusababisha kuvuja damu, lakini si kila mgonjwa hutoka damu, na kwa wanaotoka, mara nyingi jambo hilo huja siku kadhaa baada ya dalili za kwanza. Ukimjibu mtu huyu kwa kumfundisha kanuni za mantiki, umemjibu jambo ambalo hakulikosea. Anachohitaji ni habari sahihi ya tabibu.

Uvumi wa tatu una kasoro ya aina nyingine tena, nayo ni kauli iliyofichwa. Kutoka "leo hakuna mgonjwa mpya" hadi "ugonjwa umekwisha" kuna pengo ambalo msemaji amelijaza kimyakimya kwa kauli kwamba aliyeambukizwa huugua siku hiyohiyo. Ikitamkwa waziwazi, hakuna atakayeikubali, kwani tangu virusi viingie mwilini hadi dalili zianze huweza kupita siku 2 hadi 21. Wataalamu wa afya hutumia kauli hiyo ya siku 21 kujenga hoja yao wenyewe, na hoja yao ni ile njia salama ya pili tuliyoiona: ikiwa mnyororo wa maambukizi bado upo, basi kuna mtu atakayeonyesha dalili ndani ya kipindi hicho, kipindi kimepita na hakuna aliyeugua, kwa hiyo mnyororo umekatika. Kwa kuwa mgonjwa mmoja anaweza kujificha au kukosekana katika hesabu, kipindi hicho huzidishwa mara mbili na kuwa siku 42. Katika mlipuko wa 2022, mgonjwa wa mwisho aliruhusiwa kutoka hospitali tarehe 30 Novemba, na mwisho wa mlipuko ukatangazwa tarehe 11 Januari 2023. Hesabu siku zilizo kati ya tarehe hizo, utapata 42 kamili. Wagonjwa waliothibitishwa walikuwa 142, na 55 kati yao walifariki. Siku hizo za kungoja, ambazo wafanyabiashara wa Mubende na Kassanda walizivumilia kwa shida, hazikuwa urasimu wa ofisini. Zilikuwa kauli ya msingi ikisubiriwa itimie ili hitimisho lipate mahali pa kusimama.

Kauli zilizofichwa huwapata hata watu waangalifu. Mgonjwa anapimwa damu, majibu yanasema hakuna virusi, ndugu zake wanahitimisha kwamba hana ugonjwa. Hoja hii inategemea kauli kwamba kila mwenye Ebola huonekana na virusi katika damu wakati wowote anapopimwa. Lakini katika siku 3 za kwanza za dalili virusi vinaweza kuwa vichache kiasi cha kutoonekana, na ndiyo sababu wahudumu hurudia kipimo badala ya kumruhusu mtu arudi nyumbani. Ndugu hukasirika wakidhani wanafichwa jambo. Laiti mtu angewaeleza kauli ile moja iliyokosekana, hasira nyingi zingepungua, na naamini kwamba wahudumu wa afya wanapaswa kupewa muda wa kufanya hivyo.

Kuna onyo lingine ambalo halisemwi vya kutosha. Kugundua kwamba hoja ni mbovu hakuthibitishi kwamba hitimisho lake ni la uongo. Yule jirani mwenye homa anaweza kweli kuwa na Ebola, ingawa homa peke yake haithibitishi hivyo. Hoja ikibomoka, hitimisho lake hurudi kuwa swali lisilojibiwa, na swali lisilojibiwa linapaswa kupelekwa kwa anayeweza kulipima. Anayeichukua hoja mbovu ya jirani yake kama uthibitisho kwamba hakuna hatari amefanya kosa lilelile akielekea upande wa pili.

Mpaka hapa tumezungumzia hoja zinazodai uhakika kamili. Sehemu kubwa ya maarifa yetu, hata hivyo, haiji kwa njia hiyo. Inakuja kwa kukusanya mifano na kutafuta mpangilio ndani yake, ambapo kauli za msingi huliongezea hitimisho uzito bila kulifunga kabisa. Uganda ina kisa kimoja cha aina hii ambacho kingestahili kufundishwa katika kila shule ya sekondari ya nchi.

Mwaka 1957 daktari wa upasuaji Denis Burkitt, aliyekuwa akifanya kazi katika hospitali ya Mulago, aliitwa kumtazama mtoto mwenye uvimbe kwenye pande zote za taya. Hakuwahi kuona jambo kama hilo. Muda mfupi baadaye, akiwa katika hospitali ya Jinja, alimwona mtoto mwingine mwenye uso uliovimba kwa namna ileile. Mtoto mmoja angeweza kuwa kisa cha pekee, lakini wawili wenye hali moja waliashiria kwamba huenda kuna chanzo kimoja. Alianza kupekua kumbukumbu za hospitali, akaona kwamba uvimbe huo ni saratani inayowapata watoto wengi, na mwaka 1961 alifunga safari ya gari yeye na wenzake wawili, takriban kilomita 16,000 kupitia Afrika ya mashariki na kusini, akiuliza hospitali baada ya hospitali kama wanaujua ugonjwa huo.

Ramani aliyoichora ilikuwa na mpaka. Karibu na ikweta ugonjwa ulikuwa nadra juu ya mwinuko wa mita 1,500 hivi, na kadiri alivyokwenda kusini mpaka huo ulishuka chini zaidi. Kama mwinuko wenyewe ndio ungekuwa sababu, mpaka ungebaki palepale. Alexander Haddow, aliyeongoza taasisi ya utafiti wa virusi ya Entebbe, alionyesha kwamba kilichokuwa nyuma ya mwinuko ni joto: saratani ile ilikosekana mahali ambapo joto hushuka chini ya nyuzi 15 au 16 hivi. Joto na mvua ndivyo vinavyoamua pia mbu wanaishi wapi. Burkitt akahitimisha kwamba huenda kuna kirusi kinachosababisha saratani hii, na kwamba mbu ndiye anayekisambaza.

Angalia yaliyofuata. Mtafiti Anthony Epstein, aliyemsikiliza Burkitt akihutubia London mwaka 1961, alianza kutafuta kirusi katika vipande vya uvimbe vilivyosafirishwa kwa ndege kutoka Uganda, na mwaka 1964 yeye na wenzake, Bert Achong na Yvonne Barr, walitangaza kwamba wamekipata. Nusu ya hitimisho la Burkitt ilithibitika. Nusu nyingine ilianguka, kwa sababu kirusi hicho, kinachoitwa Epstein-Barr, husambazwa na mate na kimeenea duniani kote, hata mahali pasipo na mbu wa malaria. Mbu alikuwa kwenye ramani kwa sababu nyingine: malaria inayorudiarudia huathiri kinga ya mtoto, na kirusi ambacho kwingine hukaa kimya hupata nafasi ya kuleta saratani. Kauli za msingi za Burkitt zilikuwa za kweli, alihitimisha kwa uangalifu, na bado sehemu ya hitimisho lake ilikosea. Hiyo ndiyo hali ya kawaida ya uhitimishaji wa aina hii. Thamani yake ilikuwa katika kusema jambo lililoweza kuchunguzwa na watu wengine, likathibitishwa au kurekebishwa.

Tofauti kati ya Burkitt na mwenezaji wa uvumi, basi, haiko katika uhakika, kwani wote wawili walikosa uhakika kamili. Burkitt alitafuta kwa makusudi mahali ambapo ugonjwa haupo. Kukusanya mifano inayokubaliana na wazo lako ni rahisi mno. Kila wazo, hata la kipuuzi, lina mifano yake. Hapo ndipo methali yetu ya "lisemwalo lipo, kama halipo laja" inapohitaji kushikwa kwa uangalifu. Kusemwa sana kwa jambo ni sababu nzuri ya kwenda kulichunguza. Lakini watu mia wanaotuma ujumbe mmoja ulioandikwa na mtu mmoja ni shahidi mmoja, si mia, na kuwahesabu mia ni kuongeza uzito ambao haupo.

Kasoro inayokaribiana na hiyo, ya kutotafuta maelezo mengine, huonekana shule zinapopimwa kila mwaka matokeo ya mitihani ya taifa yanapotoka. Shule yenye wanafunzi wengi wa daraja la kwanza husemwa kuwa inafundisha vizuri kuliko nyingine. Huenda ni kweli. Lakini ikiwa shule hiyo hupokea tu watoto waliopata alama 4 au 5 katika mtihani wa kumaliza msingi, ambapo 4 ndiyo alama bora kabisa, basi kuna maelezo mengine ya matokeo yale, na mzazi anayetaka kujua ubora wa ufundishaji anahitaji kuuliza watoto waliingia wakiwa na nini.

Swali hilo la "kuna maelezo mengine?" ndilo msingi wa kazi ya mahakama zetu pale ambapo hakuna aliyeona kosa likitendwa. Kanuni inayotumika Uganda hadi leo ilielezwa na Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki mwaka 1958, katika rufaa iliyotoka hapa Uganda: ushahidi wa mazingira hautoshi kumtia mtu hatiani mpaka mambo yaliyothibitishwa yawe hayapatani na kutokuwa na hatia kwake, na yawe hayawezi kuelezwa kwa njia nyingine yoyote ya busara isipokuwa kwamba ametenda kosa. Chukua kesi ya mauaji: mtu alionekana mara ya mwisho akiwa na marehemu. Viatu vyake vina tope la mahali pale. Aliondoka kijijini usiku ule. Kila kauli inaongeza uzito, lakini hakimu hulazimika kuuliza kama mtu asiye na hatia angeweza kuwa na historia hiyohiyo, kwa mfano kama alikimbia kwa kuwaogopa wauaji wenyewe. Maelezo hayo yakiwa ya busara na upande wa mashtaka ukashindwa kuyaondoa, mshtakiwa huachiwa.

Hapa huzaliwa mkanganyiko ambao umegharimu maisha ya watu. Mshtakiwa anaachiwa, na kijiji kinahitimisha ama kwamba mahakama imesema hakutenda kosa, ama kwamba imehongwa. Hakuna hitimisho kati ya hayo mawili linalotoka katika uamuzi wenyewe. Kilichosemwa ni kwamba kauli zilizoletwa hazikufikia kiwango kinachotakiwa. Mkanganyiko huwa mkubwa zaidi kwa mtu aliyeachiwa kwa dhamana kabla kesi haijasikilizwa, ambaye watu humwona barabarani na kusema kwamba polisi wamemsamehe, kisha wakajichukulia sheria mkononi. Ibara ya 28 ya Katiba ya 1995 inamhesabu mshtakiwa kuwa hana hatia mpaka ithibitishwe au mwenyewe akiri, na dhamana haisemi lolote kuhusu kama alitenda au hakutenda. Inasema tu kwamba atarudi mahakamani siku aliyopangiwa, na kwamba kauli za msingi za kesi yake bado hazijasikilizwa.